Kilwa Kisiwani kwa siku moja na kiongozi: inalipa, ukipanga na maji

Safari ya kwenda Kilwa Kisiwani, kisiwa chenye magofu ya mji wa kale wa masultani, na kurudi siku hiyohiyo inauzwa Kilwa Masoko, mji wa ng'ambo yake, na kila mtu: nyumba za wageni, vijana waongoza watalii, hata manahodha wenyewe pale ufukweni. Magofu ni yaleyale na kiingilio ni kilekile. Siku inaharibika au inanoga kwa mambo mawili: saa ya kuondoka ikilinganishwa na maji, na kama kiongozi atakufikisha Husuni Kubwa, jumba la kale la sultani, au atakuzungusha karibu na Gereza tu, ile ngome ya ufukweni, kisha akurudishe bandarini. Anayelipa bila kuulizia hayo mawili atarudi na picha tatu za ukuta na mgongo uliobabuka.

Tuanze na maji, maana ndiyo yanayowaponza wageni wengi, wakiwemo wa hapahapa kusini waliokulia bara, Nachingwea au Masasi. Siku za bamvua, yaani mwezi ukiandama na ukiwa mpevu na siku mbili tatu baada ya hapo, pwani yetu hujaa mnamo saa kumi alfajiri na saa kumi jioni, na hupwa kabisa mnamo saa nne asubuhi. Tofauti ya kujaa na kupwa hupita meta tatu. Sasa angalia ratiba ya kawaida wanayokupa: "tunaondoka saa tatu." Saa tatu ya bamvua maana yake unafika kisiwani maji yako chini kabisa. Mashua inakwama mbali na ufukwe, na nyinyi mnatembea kwenye tope na majani ya baharini yenye wadudu wa miiba. Mtu mwenye yeboyebo atavuka salama. Aliyevua viatu ili visilowe ndiye atakayetafutiwa sindano ya kutolea miiba.

Siku za maji mafu, mwezi ukiwa nusu, mambo yanageuka: maji yanajaa katikati ya asubuhi, tofauti ni ndogo, na saa mbili au saa tatu ni wakati mzuri wa kuvuka. Kila siku inayopita saa za maji husogea mbele karibu dakika 50, kwa hiyo aliyevuka vizuri Jumatatu asikupangie Alhamisi kwa saa ileile. Ukikuta muuzaji wa safari hajui leo ni bamvua au maji mafu, achana naye. Nahodha yeyote wa Masoko anajua bila kutazama simu.

Kwa siku za bamvua ratiba inayofanya kazi ni hii: kuvuka saa kumi na mbili na nusu hadi saa moja asubuhi, maji yakiwa bado yana kina, na kurudi kuanzia saa nane mchana yakiwa yanapanda. Tatizo lake ni kibali. Magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara yako chini ya TAWA, Mamlaka ya Usimamizi wa Wanyamapori, na huingii bila kulipia kiingilio kwanza upande wa Masoko. Ofisi haifunguliwi alfajiri. Basi kibali kikatwe jana yake mchana. Malipo ni ya serikali: unapewa kumbukumbu namba, unalipa kwa simu au benki, na stakabadhi inatoka kwa jina. Mtu akikwambia "nipe pesa taslimu mimi nitakulipia", mwambie akuletee stakabadhi kwanza. Mtanzania, mwananchi wa Afrika Mashariki na mgeni wa nje hawalipi sawa, kwa hiyo beba kitambulisho cha NIDA au hata cha mpiga kura, usije ukabishana mlangoni.

Bei yenyewe igawanye vipande kabla hujakubali: kiingilio, ujira wa kiongozi, chombo, na chakula. Vipande vya kwanza viwili havina mjadala mrefu. Chombo ndicho chenye mchezo, kwa sababu mashua hukodiwa nzima, si kwa kichwa. Wawili mkikodi mashua mnaumia. Mkiwa sita hadi wanane inakuwa nafuu kabisa. Wapo wanaotoza kila mtu kama vile kila mmoja amekodi ya kwake, na hapo ndipo faida yao ilipo. Uliza swali moja: "Mashua nzima shilingi ngapi, kwenda, kusubiri na kurudi?" Neno "kusubiri" lisisahaulike. Bila hilo nahodha anaweza kukushusha akaenda zake kuvua.

Mlango wa bahari kati ya Masoko na Kisiwani ni kama kilometa mbili. Kwa boti ya mashine ni robo saa au pungufu. Kwa tanga, upepo ukikaa vizuri, ni nusu saa hivi. Tanga ni raha zaidi asubuhi. Jioni ya kipupwe, Juni hadi Agosti, upepo wa kusi huamka baada ya adhuhuri na maji ya mlangoni huchafuka, hapo chagua mashine. Kabla ya kupanda, hesabu majaketi ya kuokolea: yawe sawa na vichwa vyote, nahodha na baharia wake ndani yake, na yawe na kamba zinazofungika, si yale yaliyolaliwa na kuku. Chombo cha abiria kinatakiwa kuwa na cheti cha TASAC, Shirika la Uwakala wa Meli. Angalia pia kama kuna kopo la kukumbia maji. Likiwa limelowa na chombo hakijaondoka bado, uliza kulikoni. Simu na kamera zifungwe kwenye nailoni, maana rasharasha ya kurudi hailengi mtu.

Sasa nchi kavu. Viongozi wengi huanza Gereza kwa sababu ndilo lililo karibu na unaposhukia, kisha Msikiti Mkuu, kisha jua likiwa utosini wanasema Husuni Kubwa "ni mbali, na ni kuta tu". Kataa. Husuni iko mashariki, mwendo wa nusu saa kwa mguu kati ya minazi, mibuyu na mashamba, na ndiyo sababu hasa ya kuja na mtu anayejua. Dai mpangilio wa kinyume: nendeni Husuni moja kwa moja kukiwa na ubaridi, kisha mrudi mkiangalia mengine, mmalizie Gereza palipo mashua. Kiongozi mzuri atakubali papo hapo. Mvivu ataanza kusimulia habari za nyoka.

Husuni Kubwa ilijengwa mwanzoni mwa karne ya 14, enzi za Sultani al-Hasan ibn Sulaiman, yuleyule aliyepokea ugeni wa Ibn Battuta, msafiri wa Morocco, mwaka 1331. Ni jumba la vyumba zaidi ya 100 juu ya jabali linaloitazama bahari, na halikumalizika kujengwa. Ukifika bila maelezo, kweli ni kuta tu. Ukiwa na kiongozi anayejua, utaonyeshwa uwanja wa kusini uliozungukwa na vyumba vinavyofanana, unaodhaniwa ulikuwa wa bidhaa. Utaonyeshwa baraza ya ngazi ambapo sultani alikaa na watu wake. Kisha birika la pembe nane. Birika hili ndilo kila mtu anapiga picha. Simama pembeni, usiingie: kingo zake ni chokaa iliyoshikilia mawe ya matumbawe, na kila kiatu kinachoruka ndani hubandua kipande. Mpe kiongozi nafasi aeleze maji yalifikaje juu ya jabali. Akisema tu "lilikuwa swimingi puli ya sultani" na kuendelea mbele, umepata wa bei rahisi.

Ng'ambo ya bonde dogo kuna Husuni Ndogo, ukuta mnene wa mstatili wenye minara. Watafiti hawakubaliani kama ilikuwa ngome, ghala au kituo cha biashara. Dakika kumi zinatosha.

Msikiti Mkuu ndio moyo wa safari, upewe saa nzima. Una majengo mawili yaliyounganishwa na hapo ndipo unampima kiongozi. Sehemu ya kaskazini ni ya zamani, karne ya 11 au 12, ilikuwa na paa bapa lililobebwa na nguzo tisa. Sehemu ya kusini iliongezwa baadaye, ikaanguka, ikajengwa upya karne ya 15 kwa matao na kuba, na ndiyo unayoiona imesimama. Muulize: kwa nini upande mmoja una paa la kuba na mwingine haukuwa nalo? Jibu liko kwenye boriti. Paa bapa linategemea urefu wa boriti za mikoko, nazo hazivuki sana meta mbili na nusu bila kupinda, kwa hiyo nguzo lazima zikaribiane. Tao na kuba havina haja ya boriti. Ukishalijua hilo utaanza kuona kwa nini vyumba vyote vya kale vya pwani hii, kuanzia hapa hadi Mikindani, ni virefu na vyembamba.

Ingia ndani polepole. Kibla iko kaskazini, na jua la asubuhi likipenya kwenye matao ya kusini utaona alama za ubao ambao mafundi walimwagia chokaa juu yake. Kuna popo kwenye kuba, usipige kelele. Nje pana kisima na mahali pa kutawadhia, pamoja na mawe ya mviringo ya kusugulia miguu kabla ya kuingia. Wageni wengi huyaruka kwa sababu yako chini ya macho. Kwa upande ipo Kuba Kubwa, ambayo hadi karne ya 19 hapakuwa na kuba kubwa kuliko hiyo Afrika Mashariki. Usipande juu ya ukuta kwa ajili ya picha. Chokaa ya miaka 600 iliyolowa chumvi na kupasuliwa na mizizi ya miti haibebi mtu mzima, na aliye chini yako ndiye atakayeangukiwa.

Mwendo mfupi kutoka hapo kuna msikiti mdogo wa kuba, uliohifadhika kuliko yote. Una sehemu tisa za paa, na juu ya kuba ya katikati kuna nguzo fupi ya pembe nane. Inua macho ndani: utaona duara zilizopachikwa bakuli za kigae chenye rangi, nyingine zimebaki alama tu. Bakuli hizo zilikuja kwa meli. Vipande vya vyungu vya Uchina na Uajemi vimetapakaa kisiwa kizima, vidogo kama kucha, na watoto wakati mwingine huwaletea wageni kuuza. Usinunue wala usiokote. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 inakataza, na ukikutwa navyo uwanja wa ndege hutakuwa na la kusema. Hali kadhalika sarafu za shaba zilizopigwa Kilwa, zile ambazo tano zilipatikana mwaka 1944 kwenye kisiwa cha Marchinbar, kaskazini mwa Australia. Viongozi wanaipenda sana habari hiyo, na kwa haki kabisa.

Makutani ni kasri la karne ya 18, karibu na maji, lenye ukuta mkubwa na vyumba vilivyobaki na vidaka vyake. Hapa ndipo tunapowakatia alama viongozi wengi. Wanasema "nyumba ya sultani" na kupita, ilhali hiki ndicho kipindi ambacho Kilwa ilifufuka kwa biashara ya watumwa. Mwaka 1776 sultani alitia sahihi mkataba na Morice, mfanyabiashara Mfaransa, wa kumuuzia watumwa 1,000 kila mwaka, waliopelekwa visiwa vya Bahari ya Hindi. Simulizi ya Kilwa iliyojaa dhahabu ya Sofala, bandari ya kale ya Msumbiji, na Ibn Battuta peke yake ni nusu ya habari. Kiongozi anayeweza kukueleza Makutani bila kulainisha ndiye wa kumpa bakhshishi.

Gereza lenyewe halihitaji muda mrefu. Wareno walijenga ngome hapo mwaka 1505 baada ya kuuteka mji, wakaiacha mwaka 1512; unachokiona leo ni kazi ya Waomani kwa sehemu kubwa, karne ya 19. Kinachostahili kutazamwa ni jinsi mawimbi yanavyokula msingi upande wa bahari, na mikoko ilivyopandwa kupunguza nguvu ya maji. Kukatwa kwa mikoko ni mojawapo ya sababu zilizofanya magofu haya, yaliyoingia Urithi wa Dunia mwaka 1981, yawekwe kwenye orodha ya urithi ulio hatarini mwaka 2004. Yalitolewa humo mwaka 2014. Ukiona mtu anakata fito pale, mwambie kiongozi wako.

Kuhusu hadithi: mtaambiwa kwamba Ali ibn al-Hasan kutoka Shirazi alikinunua kisiwa kwa nguo za kutosha kukizunguka. Ni simulizi ya kumbukumbu za kale za Kilwa, nzuri na ya kusikilizwa. Kiongozi anayejiheshimu atakwambia pia kwamba wachimbaji wa mambo ya kale, akiwemo Neville Chittick aliyefanya kazi hapa miaka ya 1960, walikuta watu waliishi kisiwani kabla ya masultani hao, wakivua, wakilima na kufua chuma. Vyote viwili vina nafasi yake. Kinachokera ni mtu anayechanganya hivyo viwili kwa sauti moja.

Chakula kiagizwe kabla ya kuvuka au mara tu mnaposhuka. Kinapikwa na akina mama wa kijijini: wali wa nazi, samaki wa kukaanga au mchuzi wa pweza. Ukiagiza saa sita, utakula saa tisa na maji yatakuwa yameshakuamulia. Wakati wa Ramadhani usitegemee chakula cha mchana, na usile wala kunywa mbele ya watu. Kijiji hiki kinaishi, si jumba la makumbusho. Maji ya kunywa beba mwenyewe, lita mbili kwa mtu, maana kisiwani hutegemea visima na si vyote ni vitamu. Chooni nenda Masoko kabla hujapanda mashua. Nguo ifunike mabega na magoti, kwa wanawake na wanaume, kofia ya ukili au kanga kichwani, na viatu vilivyofungwa kwa ajili ya nyasi ndefu baada ya masika. Mkipita nyumba za watu, salimieni: "Shikamoo mama", kisha picha iombwe. Hilo kiongozi asikusubiri ulikosee ndipo akuambie.

Kwa jumla tunaipa safari hii alama nane kati ya kumi ikiwa Husuni imo na kiongozi anajua kutofautisha karne ya 12 na ya 15. Bila Husuni ni tano, na hiyo ni kwa ajili ya Msikiti Mkuu. Mbili tulizokata zinabaki kwa mambo ya kawaida: mabango machache, kivuli kidogo, na bei ambayo hadi leo inategemea umekutana na nani kwanza.

Watakaojaribiwa kuongeza Songo Mnara siku hiyohiyo, wasikubali. Kisiwa hicho kiko mbali kusini, safari ya mashua ni ndefu, na kushuka kwake hupitia mikokoni ambako bila maji ya kutosha chombo hakifiki. Ni mji wa karne ya 14 hadi ya 16 wenye nyumba za mawe zilizobaki na mipango yake, na unastahili siku yake peke yake pamoja na boti ya mashine. Mchana mkirudi kutoka Kisiwani ni afadhali kwenda Kilwa Kivinje kwa bajaji au gari, mkaone boma la Wajerumani na Mwembe Kinyonga, walikonyongwa wapiganaji wa Maji Maji.

Anayetoka Lindi na gari lake anaweza kufanya Kisiwani na Kivinje siku moja siku za maji mafu, akiondoka saa kumi alfajiri, kwani hadi Nangurukuru ni zaidi ya kilometa 150 za lami na bado kuna kipande cha kushuka Masoko. Wa basi ashuke Nangurukuru na kuchukua gari dogo. Siku za bamvua haiwezekani, lala Masoko. Wa Mtwara walale Masoko kwa vyovyote, wakate kibali jioni wanapofika, na wamwone nahodha siku hiyohiyo kabla hajapanda kitandani. Alfajiri utamkuta ameshapata abiria wengine.